Bukoba Haionekani Dirishani mwa Gari

Emin Pasha alifika ufukweni Bukoba mwishoni mwa mwaka 1890, akasimika kituo cha Wajerumani, na ilipofika Februari 1891 alikuwa ameshashika njia ya magharibi, asirudi tena. Hakutimiza hata miezi minne. Hata hivyo, ukiomba utembezwe Bukoba kwa siku moja, hutakosea ukibashiri kwamba maelezo yataanza na huyo mgeni wa miezi michache, yatapita kwenye majengo ya Wajerumani karibu na ziwa, yataingia kanisa kuu lilipo kaburi la Kardinali Laurean Rugambwa, kisha yatatulia mezani kwenye ndizi na sato. Jioni mgeni anapanda gari akiamini ameiona Bukoba, na mwenyeji wake anaamini ameionyesha. Imani hiyo, kwamba mji wa kihistoria unaonekana kwa siku moja alimradi pawe na gari na mwongozaji, wanayo wageni, wanayo maofisa wetu wa utalii, wanayo walimu wanaopanga ziara za wanafunzi, na wanayo hata wana wa Kagera wanaokuja nyumbani Desemba na kutaka kuwaonyesha watoto wao “asili yao” kati ya saa tatu asubuhi na saa kumi jioni. Naipinga, kwa sababu madhara yake ni makubwa kuliko hasara ya kukosa kuona vitu viwili vitatu.

Uchache wa saa haupunguzi maelezo kwa usawa, kama mtu anavyopunguza maji kwenye ndoo. Unachagua nini kisemwe. Gari la watalii husimama penye kitu kilichosimama: ukuta, mnara, kaburi lenye jiwe, daraja. Mwongozaji aliyepewa dakika ishirini hawezi kusimulia kisichoonekana, kwani aliyelipa anataka apige picha na safari iendelee. Sasa tujiulize, katika nchi ya Wahaya kimesimama nini? Wahaya walijenga msonge, nyumba ya miti, matete na nyasi, iliyoezekwa kuanzia kileleni hadi chini. Ikulu za Abakama, yaani watawala, wa Kiziba, Kyamutwara, Kianja na Ihangiro zilikuwa misonge mikubwa iliyozungushiwa uzio. Nyumba ya namna hiyo huishi kwa kukarabatiwa. Iache miaka michache bila mtu, mchwa na mvua ya Kagera vitaimaliza, na mahali pake itaota migomba. Mawe na matofali yalikuja na wengine: serikali ya Kijerumani, Wamisionari wa Afrika waliofungua Kashozi mwaka 1892, wafanyabiashara wa Kihindi waliojenga maduka mjini, baadaye Waingereza. Ndiyo maana ziara inayofuata kuta hujikuta, bila mtu yeyote kukusudia, inasimulia habari za waliojenga kwa mawe. Falme zilizodumu karne nyingi zinapewa sentensi mbili garini, kati ya kituo na kituo.

Mfano ulio wazi kuliko yote uko Katuruka, upande wa Maruku, mwendo mfupi kusini mwa mji. Hapo palikuwa na mti wa tambiko, Kaiija, ambao jina lake lenyewe linataja kazi ya uhunzi. Masimulizi ya wazee yalisema kwamba Mukama Rugomora Mahe aliamuru wahunzi wamjengee mnara wa chuma wa kufika mbinguni, na kwamba hapo ndipo walipofanyia kazi. Mtu mwenye haraka angeicheka hadithi hiyo na kuendelea na safari. Mwanaakiolojia Mmarekani Peter Schmidt, aliyefika eneo hilo karibu na mwaka 1970, hakuicheka. Aliwasikiliza wazee kwa muda mrefu kabla ya kugusa jembe, akaongozwa na maneno yao hadi penye mti, na walipochimba wakakuta mabaki ya kazi ya chuma yenye umri wa zaidi ya miaka 2,000. Miaka michache baadaye wazee waliokuwa wameyeyusha chuma ujanani mwao walijenga tanuru upya kwa kumbukumbu, wakashika mivukuto, na kazi yao ikachunguzwa na kuandikwa katika jarida la Science mwaka 1978. Mafundi hao walikuwa hawajaifanya kazi hiyo kwa miongo kadhaa, tangu majembe ya viwandani ya Ulaya yalipowaondoa sokoni. Ujuzi ulikuwa umebaki mikononi na vichwani mwao tu.

Mpeleke mtu Katuruka kwa dakika ishirini, ataona nini? Ataona shamba, migomba na udongo uliofukiwa. Atasema hapana kitu, na kwa kipimo cha macho hatakuwa amedanganya. Mahali penye historia ndefu kuliko jengo lolote la Bukoba, ndefu kuliko msikiti wowote wa kale wa Kilwa au Kaole, panaonekana patupu kwa sababu ushahidi wake mkuu ni maneno ya watu, na maneno hayawezi kuharakishwa. Schmidt mwenyewe, msomi aliyefunzwa kusoma udongo, asingejua pa kuchimba bila wazee. Kama mtaalamu alihitaji muda mrefu wa kusikiliza ili aone, kwa hoja gani tunamwahidi mtalii kwamba ataona kabla ya chakula cha mchana?

Tukiacha enzi za Abakama tukaja kwenye historia ya juzi, hali ni ile ile. Jambo lililobadili maisha ya watu wa Bukoba na Muleba kuliko boma lolote ni ardhi na kahawa. Nyarubanja, utaratibu wa mkubwa kumiliki ardhi na mkulima kuishi juu yake kwa kulipa kodi na utumishi, uliimarishwa chini ya wakoloni, hadi Bunge lilipotunga sheria ya mwaka 1965 ya kuwakomboa wapangaji wake. Kahawa nayo ilikuwa hapa kabla ya mkoloni, ikichemshwa na kukaushwa ili itafunwe. Mgeni alipewa kahawa hiyo ya kutafuna, akamwani, kabla ya kuulizwa shida yake, na watu wawili walifanya undugu wa kuchanjiana kwa punje za tunda moja. Baadaye ikawa zao la kuuza, ikaleta fedha, karo, mabati, na ugomvi. Mwaka 1924 kikazaliwa chama cha Bahaya Union, Klemens Kiiza akiwa miongoni mwa waasisi. Mwaka 1937 wakulima waligomea kanuni za serikali za kilimo cha kahawa hadi vurugu zikatokea. Mwaka 1950 ukaundwa ushirika mkuu wa wakulima wa wilaya. Hii ni historia ya siasa za Tanganyika yenyewe, iliyotangulia TANU kwa miaka 30. Je, ziara husimama wapi ili kuisimulia? Haina pa kusimama. Iko ndani ya kibanja, shamba la nyumbani: katika mpaka uliogombaniwa, katika mibuni iliyopandwa na babu, katika makaburi ya ukoo nyuma ya nyumba, katika mzee anayeweza kusema baba yake alimlipa nani na kiasi gani. Ukipita barabarani kutoka Kaagya hadi Muleba unaviona vibanja maelfu, kijani kibichi pande zote mbili. Unaviita mandhari nzuri, kumbe umepita katikati ya nyaraka.

Hata vita, ambavyo vimeacha alama za kuonekana, vinasimuliwa kwa upande mmoja pale saa zinapobana. Juni 1915 Waingereza walivuka ziwa kutoka Kisumu, wakapigana Bukoba siku tatu, wakavunja mnara wa simu ya upepo wa Wajerumani, wakaondoka. Kinachotajwa ni mnara, na jina la mwindaji mashuhuri Frederick Selous aliyekuwemo. Uporaji uliofanywa na askari hao mjini, ambao uliwaumiza wakazi wasiokuwa na ugomvi na Mfalme wa Uingereza wala Kaizari, huachwa. Vita vya Kagera walau vina daraja la Kyaka, lililolipuliwa Novemba 1978, na makaburi ya mashujaa ya Kaboya, wilayani Muleba. Lakini daraja na makaburi ni sehemu ya jeshi katika vita hivyo. Sehemu ya raia, waliokimbia na ng'ombe wao kutoka kaskazini mwa mto Kagera na wakarudi kukuta mapaa hayapo, inatembea kwa miguu katika vijiji vya Missenyi hadi leo, na haina kibao.

Imani ya siku moja haikuzaliwa huku. Imetoka pwani, na hata huko inastahili kutiliwa shaka. Mji Mkongwe wa Zanzibar, ulioingizwa kwenye orodha ya urithi wa dunia mwaka 2000, unazungukwa kwa miguu asubuhi moja kwa sababu Ngome Kongwe, Beit el-Ajaib, kanisa la Mkunazini na Darajani vimekaribiana. Bagamoyo ni saa chache kutoka Dar es Salaam, na misheni ya 1868, boma na magofu ya Kaole huingia katika mchana mmoja bila taabu. Umbali unaruhusu. Lakini tazama kilichoachwa. Zanzibar, watu wengi wa mji katika karne ya 20 waliishi Ng'ambo, upande wa pili wa hori, kwenye nyumba za udongo na makuti. Huko ndiko walikoishi wafanyakazi, vibarua na waliotoka utumwani, na ndiko alikoishi Siti binti Saad, sauti iliyobeba taarabu ya Kiswahili kwenye santuri. Ziara ya Mji Mkongwe mara nyingi inakomea Darajani. Bagamoyo nako, wapagazi kwa maelfu, wengi wao Wanyamwezi, waliingia na pembe mabegani na wakatoka na vitambaa, lakini mgeni anaonyeshwa zaidi kanisa mwili wa Livingstone ulipolazwa usiku mmoja mwaka 1874. Na njia hiyo hiyo ya misafara ilipanda Tabora hadi Kafuro, Karagwe, ambako Stanley mwaka 1876 alikuta kituo cha wafanyabiashara kutoka pwani, miaka 14 kabla ya Bukoba kuwa kituo. Kafuro haikuacha mawe ya kupigia picha. Basi haimo kwenye ziara, na watu wengi wa pwani hawajui kwamba babu zao walikuwa na makazi huku.

Kagera hatuna hata hiyo nafuu ya ukaribu. Kashozi iko kaskazini ya mji, Katuruka kusini, Kyaka magharibi. Muleba ni takriban kilomita 70, kwenda na kurudi 140, na bado hujapanda Kamachumu wala kugeukia seminari ya Rubya. Ukiviweka vyote kwenye siku moja, mgeni atakuwa ameketi garini muda mrefu kuliko aliosimama na mtu yeyote wa Kagera akizungumza naye. Huyo amenunua usafiri. Fedha nyingi ya ziara kama hiyo inaingia kwenye mafuta na kukodi gari.

Hapa ndipo watetezi wa ziara ya siku moja hukusanya nguvu zao, na hoja zao nazichukulia kwa uzito. Wanasema mgeni wa siku moja ni bora kuliko asiyekuja, kwani mji unapata chochote. Ni kweli, muuza chakula na dereva wanapata. Lakini asiyelala hanunui kitanda, hanunui chakula cha jioni, haamkii sokoni, hachukui bodaboda usiku. Venice, mji ulioishi kwa wageni kwa vizazi, ulianza Aprili 2024 kuwatoza wageni wa mchana ada ya euro 5 katika siku zenye msongamano, na ukawasamehe ada hiyo wanaolala mjini. Bukoba haina msongamano wa Venice na haihitaji ada kama hiyo. Ninachokichukua kwenye mfano huo ni hesabu ya mji wenye uzoefu: umemhesabu anayelala kuwa mchangiaji, na anayepita kuwa mzigo. Sisi, tulio na uhaba wa wageni, tunajitahidi kumfanya kila mmoja wao awe wa kupita.

Wanasema pia kwamba wengi hawana zaidi ya siku moja: mtumishi aliyekuja kikao, mgonjwa aliyesindikizwa, mwanafunzi ambaye shule yake ina basi kwa siku hiyo tu. Nakubali, na sitaki mtu kama huyo afungiwe hotelini. Tatizo ni kumjazia siku hiyo vituo vinane. Mwanafunzi wa Bukoba ndiye anayeumia kuliko wote. Anaishi katikati ya historia yake, bibi yake anazijua nyimbo na koo, kisha anapandishwa basi kwenda kuonyeshwa kwamba historia ni kuta za watu wengine. Anarudi na daftari lenye tarehe za Emin Pasha. Ziara ya mafunzo ya mtoto huyo ingeweza kuwa matembezi ya miguu hadi kibanja cha jirani, na swali moja la kuuliza.

Kuna pingamizi zito zaidi, nalo ni la huzuni. Watu husema wasimulizi wamekwisha, kwa hiyo kuta ndizo zilizobaki. Kagera ndiko wagonjwa wa kwanza wa UKIMWI nchini walikotambuliwa, mwaka 1983, na miaka iliyofuata iliondoa rika zima la watu wazima, wale ambao wangepokea masimulizi kwa wazazi na kuyakabidhi kwa watoto. Katuruka yenyewe ilipoteza wajuzi wake wengi, na mti wa Kaiija haupo tena. Lakini tazama kijiji hicho kilifanya nini. Kuanzia mwaka 2008 hivi, wanakijiji wenyewe walianza kuwahoji wazee waliobaki, wanawake wakiwemo, ambao watafiti wa awali hawakuwauliza vya kutosha, na kurejesha eneo lao ili lieleweke. Walijua kwamba kilichoponyoka ni maneno, wakaenda kuyatafuta maneno. Uchache wa wasimulizi ni sababu ya kuwalipa waliobaki na kuwapa muda wa wageni. Ukiwapita kwa kuwa ni wachache, watapungua zaidi bila mrithi, maana kijana hawezi kujifunza kazi ambayo hakuna anayeilipia.

Na wengine wataniambia kwamba kuta hizo pia ni zetu, kwani mikono iliyobeba matofali ya Kashozi na Rubya ilikuwa ya Wahaya. Hoja hiyo naipenda, na natamani ziara ziifuate. Tetemeko la tarehe 10 Septemba 2016 liliharibu majengo mengi mjini na shule za Ihungo na Nyakato, likatukumbusha kwamba tofali nalo hufa. Tuyalinde majengo. Lakini anayetaka kueleza nani alichoma tofali hilo, kwa malipo gani, na aliachaje shamba lake msimu wa kuvuna, atahitaji tena saa mbili na mtu wa mahali hapo. Tumerudi palepale.

Mwongozaji simlaumu. Analipwa kwa siku, anahukumiwa kwa idadi ya vituo, na wengi wao wanajua mengi wanayolazimika kuyameza. Wa kubadilika ni wanaonunua na wanaopanga: halmashauri za Bukoba na Muleba zinapochapisha orodha ya vivutio, ziache kuhesabu vivutio na zianze kuhesabu wenyeji walio tayari kupokea watu nyumbani kwao kwa malipo yanayojulikana. Mwongozaji wa mjini apeleke mgeni, kisha akabidhi mazungumzo kwa mwenyeji wa kijijini. Ratiba ivuke jioni, kwa sababu mengi ya huku huanza gari la watalii likiwa limeshaondoka: wavuvi wa dagaa huwasha taa zao usiku usio na mbalamwezi, senene wa Novemba huvutwa kwa mwanga gizani, na enanga, ala ya nyuzi ya Wahaya, haikupigwa kamwe saa sita mchana kwa watu waliosimama na mabegi mgongoni. Mpiga enanga alihitaji watu walioketi, wenye lubisi, pombe ya ndizi, mkononi, wasio na pa kwenda hadi kisa kiishe.

Mwenye siku moja tu aende mahali pamoja. Aende Katuruka asubuhi, apokee akamwani, aonyeshwe palipokuwa na mti, aulize kisa cha ule mnara wa chuma, asikie jibu la mzee wa kwanza na jibu tofauti la bibi wa pili, ale kilichopikwa hapo na alipie. Boma la mjini halitahama. Akirudi Mwanza au Dar es Salaam na kuulizwa Bukoba ikoje, atajibu kwamba ameona Katuruka, Bukoba bado.